Khiyari ya Siku Tatu

Mwatima Hamad alipopewa mkoba wa kazi yake mpya, aliukuta umeandikwa ubavuni kwa herufi nyeupe: HUDUMA SHUFAA. Aliyeandika maneno hayo lazima alikuwa amekaa mbali na Pemba. Kwetu sisi shufaa ni ya Mtume, na ni ya Siku ya Kiyama, pale kila mtu atakapohangaika kutafuta wa kumwombea. Kwa hiyo siku ya kwanza alipoingia nyumba moja ya Ole na mkoba ule begani, mwenye nyumba aliusoma ubavu wa mkoba, akarudi ndani, akatoka na kanzu nyeupe, akatuma mtu kwenda kuwaita wasomaji wa Yasini. Mgonjwa mwenyewe alikuwa uani anakula muhogo.

"Jamani, mie sikuja kuzika," Mwatima akawaambia walipokwisha kukusanyika. "Nimekuja kumuuliza anaumwa wapi."

"Kuuliza tu?" mmoja akauliza.

"Kuuliza, kisha nifanye jambo."

Wasomaji walikuwa wamekwisha kufika, na kuwarudisha bila chai ni aibu, basi wakanywa chai, na mgonjwa akanywa pamoja nao. Tokea siku hiyo Mwatima huuvaa mkoba maandishi yakielekea kwenye mbavu zake.

Ni mtu wa Kisiwa Panza. Mama yake alikuwa mchokoa pweza, na katika kazi hiyo mtoto hujifunza mapema kwamba pweza hasemi kama yumo. Unatazama mlangoni kwa shimo lake: kama pana maganda mapya ya kaa na chaza, yumo, hata akijifanya jiwe. Mwatima alikwenda Unguja kusomea uuguzi, akarudi, akafanya kazi wodini miaka kumi na miwili, kisha akachaguliwa kusomea hii kazi ya kuwafuata majumbani watu ambao maradhi yao hayatarajiwi kupona, ili kile kilichobaki cha maisha yao kisiwe cha kuumia. Mumewe, Msellem, ni mwalimu wa skuli, na Jumamosi huchezesha mpira Gombani. Mwatima husema nyumbani kwao mmoja anapuliza filimbi na mwengine anasikiliza vifua, na hakuna anayemsikia mwenzake.

Mie, Kificho, nilimjua kwa sababu ya vespa. Nanunua na kuuza chochote chenye miguu au magurudumu, na wakati ule nilikuwa na vespa moja ya kijani niliyoipaka rangi vizuri mahali palipohitaji kupakwa. Wateja wengine huja, wakapiga teke tairi, wakauliza bei. Yeye alichutama. Akalinusa lile bomba la moshi. Akaweka kiganja ubavuni mwa injini kama anayepima homa.

"Ikilala usiku, asubuhi huamka peke yake au husukumwa?"

"Huamka," nikasema.

"Kila siku?"

"Siku nyingi."

"Siku zipi haiamki?"

"Za mvua."

"Na ikipanda mlima, hulia wapi? Mbele au nyuma?"

Nikajikuta namwambia. Sijui aliniingiaje. Nimekaa sokoni miaka thelathini na watu wanaojua kuuliza bei, sijawahi kukutana na mtu anayejua kuuliza hali. Aliondoka na vespa, tairi jipya na plagi mbili za akiba, na mie nikabaki nimesimama, najiona kama nimeungama.

Sasa habari ya Mzee Amur.

Mzee Amur bin Said ni jirani yangu wa Ole. Babake alikuwa na mikarafuu mpaka macho yanachoka kuitazama. Baada ya Mapinduzi mashamba yaligawiwa eka tatu tatu, na babangu akapata eka tatu zake humo humo, upande wa bonde. Kwa hiyo mie na Mzee Amur tulirithi mpaka mmoja, na kwa miaka thelathini tumekuwa tukibishana juu ya kila kitu kinachovuka mpaka huo: kuku, maji, kivuli cha mfenesi. Sina ndugu niliyezungumza naye zaidi yake.

Mwaka ule alikuwa na saratani ya tezi dume, nayo ilikuwa imekwisha kushuka kwenye mifupa ya nyonga na mgongo. Hospitali walimwambia kweli, akaisikia, akarudi nyumbani kwake. Aliyemtazama ni Zuweina, mke wa marehemu mwanawe Humoud. Mwatima akapangiwa kuja kila Jumatano.

Jumatano ya tatu nilikuwepo. Nilikuwa nimekuja kwa ajili ya dume lake jekundu la ng'ombe, nalo nitalieleza. Mwatima akaingia, akaamkia, akaketi kwenye kigoda.

"Babu, hali yako?"

"Alhamdulillahi."

"Maumivu je? Nionyeshe kwa vidole kama nilivyokufundisha. Ngumi ni hakuna, vidole vitano ni yasiyovumilika."

Mzee akatazama dari, akanyanyua kidole kimoja cha shahada.

Mwatima akaandika. Akauliza mengine mawili matatu, akajibiwa alhamdulillahi, akafunga daftari. Nilimfuata nje.

"Bi Mwatima, umeandika nini mle?"

"Maumivu moja. Wiki ya tatu hii yako pale pale. Nimemwarifu daktari kwamba mzee hahitaji dawa kali."

"Yule hakukuonyesha maumivu," nikamwambia. "Umemtajia maumivu, naye akamtaja Mungu. Kidole kimoja, Mungu mmoja. Ungemuuliza bei ya sukari angenyanyua kile kile."

Alikuwa ameshika kofia ya vespa. Akaishusha taratibu.

"Wiki tatu?"

"Mie nalala ng'ambo ya mpaka. Namsikia alfajiri."

Alicheka mpaka akakaa kwenye kiti cha vespa, kisha akaacha kucheka ghafla. Mtu mwengine kwa aibu angengoja Jumatano ijayo. Yeye aligeuka akarudi ndani papo hapo, na mie nyuma yake, maana nilikuwa sijamaliza shughuli yangu.

Safari hii hakumuuliza mzee kitu. Alitazama. Bakuli la uji limefunikwa, halikuguswa. Ncha ya kikoi kilicholala kwenye mto ilikuwa imetafunwa, nyuzi zimetoka. Mswala ulikuwa umekunjwa juu ya kabati, na mbele ya kiti palikuwa na kigoda cha kusujudia kimeelekezwa kibla. Akaukamata ule mto, akaugeuza, hauna shimo la kichwa, akamtazama Zuweina aliyekuwa mlangoni.

"Analala usiku?"

"Asema alala," Zuweina akajibu. "Lakini kila niamkapo kwenda haja, namkuta amekaa."

Pembeni mwa mlango palikuwa na pishi ya mbao, ile ya kupimia karafuu, imekuwa nyeusi kwa mafuta ya mikono. Mwatima akaichukua, akaiweka mapajani mwa mzee.

"Babu, pishi hii ni ya haki?"

"Ya haki. Hakuna ntu aliyewahi kuirudisha."

"Ina vibaba vingapi?"

"Vine. Hata ntoto wa chuoni ajua."

"Basi nipimie. Yale maumivu ya jana usiku, ukiyamimina humu, yatafika wapi?"

Mzee akaikamata pishi kwa mikono miwili. Akaniangalia mie, kama kwamba mie ndiye niliyemleta. Kwa wachumaji wa karafuu alijulikana kisiwa kizima kwa kitu kimoja: hapunji pishi. Kupunja kipimo ni dhambi iliyoshushiwa sura yake peke yake, na yeye sura hiyo alikuwa akiwasomea wapimaji wake kila msimu kabla ya karafuu ya kwanza kumwagwa jamvini.

"Unanitega," akasema.

"Nakupimisha. Ukitaja kimoja nayo ni vitatu, umepunja."

Akaweka dole gumba ubavuni mwa pishi, juu kidogo ya kati, akalipandisha, akalipandisha tena.

"Hapa. Vitatu na kitu."

"Na alfajiri?"

"Yajaa. Na kilele juu."

Zuweina akatoka kwenda jikoni, tukamsikia akipiga sufuria bila sababu.

"Mbona hukuniambia, babu?"

"Uliniuliza hali yangu. Ntu aulizwa hali, aache kumshukuru Mungu aanze kulalama? Kipimo hukuniuliza."

Hapo Mwatima akavuta kigoda, akaanza upya, na mie nikashuhudia kazi inavyofanywa. Maumivu yanaanzia wapi, yanakwenda wapi. Yanachoma, yanakata, au yanauma kama jino. Akilala ubavu gani yanapungua. Choo, mara ya mwisho lini, kigumu au kilaini, na mzee akajibu huku akinitazama mie kwa hasira kana kwamba nimeuliza mie. Akamwambia afungue kinywa, akamulika na tochi ndogo: ulimi na mashavu vilikuwa na utando mweupe.

"Zuweina," akaita. "Njoo uone. Huyu hajakataa uji wako. Kinywa chake kina vidonda vya ukungu, kila kinachopita kinamkwaruza. Kuna dawa yake, siku chache tu."

"Nami miezi namnunia," Zuweina akasema. "Nimebadilisha mtama mara tatu."

"Mara nne," mzee akamsahihisha.

Mwisho Mwatima akauliza lile swali ambalo baadaye nimemsikia akiliuliza kila nyumba, kwa sauti ile ile aliyoulizia habari za choo. "Na moyoni, babu, kimekaa nini?"

Mzee hakunyanyua kidole. "Radhiya," akasema.

Radhiya ni mjukuu wake, binti wa marehemu Humoud. Alikuwa anaolewa na kijana mmoja fundi umeme wa Gombani, jina lake Nyange, Ijumaa ya wiki ya pili, siku tisa kamili kutoka pale. Baba amekufa, kwa hiyo walii wake ni babu. Ni yeye wa kukaa mkekani, kumshika mkono bwana harusi na kutamka nimekuozesha. Shehe Khatib alikwisha kumwambia atoe uwakili, alale kitandani, mambo yatakwenda. Mzee Amur hakutaka kusikia. Alikwisha kuozesha binti watatu kwa mkono wake, na huyu asiye na baba ndiye aozeshwe na wakala?

"Unaweza kukaa?" Mwatima akamuuliza.

"Nitakaa."

"Sikuuliza utakaa. Nimeuliza unaweza. Kaa tuone."

Tukatandika mkeka, tukamshusha. Akakunja miguu. Kama ungesoma Alhamdu mara mbili bila haraka, ungekuwa umemaliza pamoja naye. Jasho lilimtoka kwenye nywele, akanikamata bega, tukampandisha kitandani.

"Iko dawa," Mwatima akasema. "Mofini ya maji. Nikimpelekea daktari kipimo hiki cha leo, ataiandika."

"Hiyo ni kilevi."

"Ni dawa."

"Yalevya au hailevyi?"

"Siku za mwanzo inalaza."

"Basi nitainywa baada ya harusi. Walii sharti awe na akili zake. Nikimuozesha ntoto na kichwa kimelewa, hiyo siyo ndoa, na wao waishi pamoja wakidhani wameoana. Hapo nani abebe?"

Hilo ndilo lililokuwa pale chumbani, na halikuwa dogo. Bila dawa hawezi kukaa. Na dawa, kwa anavyojua yeye, inamwondolea haki ya kukaa. Ningekuwa mie ningemwambia mzee acha mambo haya, mpe Shehe uwakili. Mwatima hakumwambia hivyo. Aliuliza, "Babu, ukinunua mnyama usiyemjua, unafanyaje?"

"Nachukua khiyari."

"Ya siku ngapi?"

"Tatu. Ndiyo sheria. Siku tatu ninaye, nikimuona na kasoro namrudisha, na muuzaji hana neno."

"Basi ichukue dawa hii kwa khiyari ya siku tatu. Wengi huwalaza siku mbili tatu, kisha mwili unaizoea, usingizi unaondoka na nafuu inabaki. Kwako itakuwaje, sijui, na sitakwambia najua. Ukiianza leo, ikikufaa, akili yako itakuwa imetulia wiki nzima kabla ya Ijumaa ya harusi. Ikiwa haikufai, nairudisha chupa, nawe umpe Shehe uwakili ungali mzima. Lakini ukingoja, huna khiyari yoyote."

Mzee akaikunakuna ile pishi kwa ukucha. Nilijua anachofanya. Anatafuta kasoro kwenye mkataba.

"Na nani ataamua kama akili zangu zimerudi? Wewe ni muuzaji, huwezi kuwa shahidi wa mali yako."

"Kweli. Nani anaijua akili yako inavyokuwa ikiwa kamili?"

Akaninyooshea mie. "Huyu. Miaka thalathini anataka kuniibia. Aje kila asubuhi tuzungumze habari ya dume. Siku nitakayomwachia, ndiyo siku sina akili."

Dume lenyewe lilikuwa jekundu, pembe nzuri, la kuchezea mchezo wa ng'ombe, na si la kuchinja. Yeye harusini alihitaji nyama, na mie nina mbuzi. Nilikuwa nataka kumpa mbuzi wanne. Yeye anataka tisa. Tulikuwa hapo tokea mwezi uliopita.

Mwatima akapiga simu kwa daktari mbele yetu, akamwambia bila kuzungukazunguka: nilikosea, niliandika moja, ni zaidi ya tatu kwa nne na alfajiri inajaa. Kisha akapanda vespa. Alasiri alikuwa amerudi na chupa, dawa ya kinywa, na vidonge vya kulainisha choo, maana mofini hufunga tumbo, na hilo alimwambia Zuweina mara tatu: ukisahau vyote, hivi usisahau. Akamwachia karatasi ya saa: kumi na mbili, saa nne, saa nane, kumi na mbili ya jioni, na ya kulalia iwe mara mbili ili asiamshwe usiku.

Asubuhi ya kwanza nikaenda. Nikasema mbuzi wanne. Mzee akafungua jicho moja, akasema, "Mbuzi wako," kisha akalala kabla hajawatukana.

Ya pili nikamkuta amekaa akiegemea mto, macho yamelegea, uso umelainika kama wa mtu anayesikiliza redio.

"Mzee, mbuzi wanne."

"Sawa," akasema. "Chukua."

Sitasema uongo, nililifikiria dume lile kwa muda wa kumeza mate. Kisha nikaogopa. Tokea nimjue mtu huyu, neno sawa sijawahi kulisikia likitoka kinywani mwake. Nikatoka, nikamkuta Zuweina mlangoni, naye kasikia.

"Naimwaga dawa," akasema. "Afadhali aumwe awe yeye."

Nikampigia Mwatima. Alifika na vumbi lote la njia. Akamwita mzee kwa jina, mzee akaitika. Akahesabu pumzi zake kwa saa ya mkononi, akamtazama mboni za macho, akamuuliza leo siku gani, mzee akasema Jumamosi, kisha akasema la, Jumamosi ni kesho.

"Kweli ni kesho," Mwatima akasema, akatugeukia. "Anapumua vizuri, anaamka akiitwa. Nyinyi mnaona dawa tu. Huyu hajalala miezi miwili. Usingizi umemjia wote kwa pamoja, kama mvua za masika. Hii ni siku ya pili. Tulisema ngapi?"

"Tatu," Zuweina akasema, kwa shingo upande.

"Basi tumwachie khiyari yake. Yake, si yetu."

Zuweina akairudisha chupa kwenye kabati. Lakini usiku ule taa ya nyumba yao niliiona inawaka muda mrefu, na nadhani Radhiya alikuwa amekaa karibu na babu yake, maana asubuhi macho yake yalikuwa mekundu.

Asubuhi ya tatu nilikwenda mapema. Nilisikia sauti kabla sijafika uani.

"Kificho yuko wapi? Nasikia nimemuuzia dume langu."

Alikuwa amekaa kitandani, miguu chini, anakunywa uji. Kinywa kilikuwa kimeanza kupona.

"Umesema sawa, mzee. Mbuzi wanne. Zuweina shahidi."

"Nilikuwa nimelala. Mauzo ya aliyelala hayasihi, kamuulize Shehe. Na katika hao wanne mmoja ni chongo, wadhani sikumuona ukimpitisha jicho zima likielekea kwangu?"

"Chongo haipunguzi nyama."

"Yapunguza mbuzi. Asiyeona majani hali majani. Tisa."

"Watano."

"Tisa, na huyo chongo simhesabu."

Zuweina akatokeza kichwa kutoka jikoni, mwiko mkononi, akarudi ndani, tukamsikia akicheka peke yake, kisha akamwita Radhiya aje wacheke wawili. Tulibishana mpaka uji wake ukapoa na ukapashwa tena. Nilitoka na dume jekundu na nikawaacha mbuzi wanane na kitoto kimoja. Nilikuwa nimekusudia saba mwisho. Nikampigia Mwatima nikamwambia, "Amerudi. Ameniumiza."

"Kiasi gani?"

"Mbuzi mmoja na kitoto."

"Naandika," akasema.

Hapa niseme jambo moja ili mtu asije akadhani nauza dawa ya kupona. Mzee Amur alikufa miezi miwili baada ya hapo, mwanzo wa vuli, kitandani kwake, hana kikoi mdomoni. Mwatima hakuwahi kumwambia atapona, naye hakuwahi kumuuliza. Lakini ninayoieleza ni harusi, na ilikuwa harusi nzuri.

Siku ya Ijumaa Mwatima alifika saa saba mchana, amevaa baibui jipya, vespa kaiacha kwa jirani isije ikapambwa maua. Ndoa ilikuwa ifungwe saa kumi, baada ya Alasiri, pale pale ukumbini, mzee asibebwe msikitini. Alimpa dozi yake ya saa nane. Saa tisa na nusu akamletea kijiko cha ziada, kidogo, cha kumsaidia kukaa.

"Sasa hivi ni kiasi gani?" akamuuliza.

"Kibaba. Pungufu kidogo."

"Ukikaa itapanda. Kunywa hiki."

"Hapana," mzee akasema. "Kibaba kimoja niachie. Nataka nijue nipo."

Nilidhani Mwatima atabisha. Alikirudisha kijiko chupani, akafunga kifuniko. "Ni chako, babu."

Wanaume tukajaa ukumbini mpaka barazani. Tukamshusha mzee mkekani, kanzu yake imepigwa pasi, kilemba kimefungwa na Radhiya mwenyewe. Nyange akakaa mbele yake, goti kwa goti. Na hapo ndipo mjomba wa Nyange, bwana mmoja mnene wa Gombani, akamnong'oneza Shehe Khatib kwa mnong'ono uliofika mpaka barabarani.

"Shehe, tumesikia mzee anatumia mofini. Ndoa itasihi?"

Ukumbi ukanyamaza. Upande wa wanawake, nyuma ya pazia, nako kukanyamaza, na hilo ni jambo gumu zaidi. Nilimuona Zuweina ameshika ukingo wa pazia. Shehe akakohoa.

"Mzee wangu, kuondoa shaka tu. Ukinipa uwakili—"

"Kama sina akili, uwakili wangu nao hausihi," Mzee Amur akasema. "Kwa hiyo kwanza jua kama ninazo. Niulize."

Watu wakaanza kutabasamu. Shehe akafikiri.

"Mtu kafa. Kaacha mke, mama, na watoto wawili wa kiume."

"Mke thumuni. Mama sudusi. Kilichobaki wanawe wagawane sawa. Na kabla ya hayo alipiwe madeni yake, hukuyataja."

Mjomba wa Nyange akatazama mkeka. Shehe akasema, "Bismillahi," akaanza hotuba ya ndoa, akaisoma yote, na ni ndefu, mie nilikuwa natazama mgongo wa mzee. Ulikuwa umenyooka. Jasho lilianza kumtoka shingoni, kidogo, likasimama hapo. Kisha Shehe akamuunganisha mikono na Nyange, akamtangulizia maneno ayafuate.

"Sema: Nimekuozesha binti yangu Radhiya—"

Mzee hakufuata. Akamwacha Shehe amalize, mkono wa Nyange ungali mkononi mwake.

"Shehe," akasema kwa upole, "Radhiya siyo binti yangu. Ni binti Humoud. Mie ni babu yake. Ukitaka kunipima akili, umenipima. Ukiwa umekosea, nami nimekusamehe."

Kicheko kilianzia barazani kikaingia ndani, Shehe Khatib mwenyewe akafunika uso kwa mkono wake mmoja. Kilipotulia, Mzee Amur akamkamata Nyange vizuri, akamtazama usoni, akatamka bila kutangulizwa na mtu, neno kwa neno, polepole, kama anayemimina karafuu na hataki hata moja idondoke: nimekuozesha mjukuu wangu Radhiya binti Humoud kwa mahari tuliyokubaliana. Nyange akajibu nimekubali, akatamka haraka mno ikabidi arudie, na vigelegele vikapasuka nyuma ya pazia kwa nguvu hata mbuzi waliobaki wakaitikia.

Tukamwendea mzee kumnyanyua, watu wanne.

"Niacheni," akasema. "Nimekaa."

Alikaa. Sahani zikapita, halua ikapita, mjomba wa Nyange akaja kumshika mkono, akashikwa mkono na kuulizwa habari za Gombani. Radhiya akatoka, akainama, akambusu babu yake kiganja, na mzee akamwekea mkono kichwani akasoma kitu ambacho hakuna aliyekisikia. Ilikuwa imepita karibu saa nzima.

Mwatima alikuwa amesimama mlangoni kwa upande wa ndani, mkoba begani, anamtazama. Hakuja kumuuliza kitu. Mzee ndiye aliyemuona.

"Nesi, ndoo hapa."

Akaja, akachutama.

"Tokea saa saba uko kwangu. Umekula?"

"Bado, babu."

"Zuweina, nletee sahani huyu. Na asile amesimama."

Mwatima akauvua mkoba, akauweka ukutani, akakaa mkekani kando yake, akala.